Namba Tisa wa Kyimo

Sajini Mudathiri alikuwa amepeleleza wizi wa ng'ombe, wizi wa mabati na hata wizi wa kengele ya kanisa, lakini hakuwahi kupewa kesi ya mpira usiodunda. Jumamosi ile asubuhi, mvua ya Tukuyu ikiyapiga mabati kama inavyoyapiga siku zote, alikuwa amechuchumaa ndani ya kibanda cha gemu cha Mrisho pale Msasani, mtaa wa mji uleule. Mbele yake, juu ya meza, kulikuwa na mashine ya kijivu isiyozidi ukubwa wa kitabu cha dini. Aliikodolea macho kwa dakika tano nzima, na kadiri alivyoitazama ndivyo alivyozidi kutoielewa.

Yaliyojulikana yalikuwa machache. Alhamisi alasiri umeme ulikatika, vijana waliokuwa wakicheza wakatawanyika, Mrisho mwenye kibanda akabaki peke yake. Saa kumi na moja jirani alimkuta chini, kichwa kimepasuka, damu kwenye pembe ya ngazi ya saruji. Tangu siku hiyo alikuwa amelazwa hospitali ya wilaya, hajafumbua macho. Televisheni ilikuwepo, redio ilikuwepo, hata mwavuli wake mpya ulikuwa umening'inia ukutani. Kilichotoweka ni CD moja iliyokuwa ndani ya mashine.

Na mtu alikwisha kukamatwa. Anyelwisye, fundi redio kutoka Kyimo, alisikika na watu zaidi ya kumi asubuhi ya Alhamisi akimfokea Mrisho: "Ukimtoa yule, na mimi nakutoa roho." Kwa mkuu wa kituo hayo yalitosha. Jumatatu jalada liende Mbeya pamoja na mtu wake, na Mrisho akifariki, kesi ni ya mauaji. Kijana wa miaka ishirini na sita angekwenda kukabili kitanzi kwa sababu ya maneno yaliyomtoka kabla ya chai. Mudathiri alikuwa amebakiwa na siku moja na nusu, na moyo wake ulikuwa haujatulia hata kidogo.

Konstebo Andongwisye, mrefu kama mlingoti na mwenyeji wa wilaya ileile, aliingia akiinamisha kichwa. Alikuwa amemshika mkono mtuhumiwa aliyefungwa pingu.

"Huyu hapa, afande."

Anyelwisye hakumtazama sajini. Aliitazama mashine, na uso wake ukabadilika kama wa mtu aliyeonyeshwa maiti ya ndugu.

"Nani kaivunja hivi?"

"Hilo ndilo swali langu kwako," alisema Mudathiri.

"Afande, tazama mwenyewe. Hapa pana kitufe. Ukibonyeza, mfuniko unainuka wenyewe. Mtu huyu ameuchokonoa kwa kucha mpaka bawaba zimekatika. Na humu ndani mna waya nilizochomelea mimi, nyembamba kama nywele. Bila hizo mashine haisomi CD ya kunakili. Nilikaa siku mbili kuziweka. Nije niing'oe mwenyewe kama mtu anayefungua kopo la samli?"

Mudathiri alibonyeza kitufe. Kilishuka na kupanda bila shida. Aliandika kwenye daftari lake: *aliyefungua hajui kufungua*. Kisha akaona tena lile doa la kahawia iliyokolea kwenye mfuniko, ambalo jana alidhani ni grisi. Alilikwangua kwa kucha, halikutoka. Utomvu wa ndizi. Hilo nalo halikumsaidia, maana katika wilaya ya Rungwe kumtafuta mtu mwenye utomvu wa ndizi mikononi ni sawa na kumtafuta mtu aliyelowa mvua.

Alitoa daftari jingine, la shule, lililokutwa nyumbani kwa Anyelwisye. Ukurasa mmoja ulikuwa na majina kumi na moja upande wa kushoto. Kulia kulikuwa na maneno ya ajabu: AMBINDWI na mengine ya namna hiyo, na chini yake safu za herufi na tarakimu zilizochanganywa. Mkuu wa kituo alikuwa ameapa kwamba ni lugha ya siri ya wahalifu.

"Hii ni nini?"

Anyelwisye alitaka kucheka, akajizuia. "Ni gemu ya mpira, afande. Imekuja na timu za Wazungu. Mbeya kuna rafiki yangu ana kompyuta. CD ukiifungua mle ndani unayakuta majina yote, kila herufi na namba yake. Unafuta la Mzungu, unaandika la kwako. Ila lisizidi urefu wa lile la kwanza. Nafasi ni herufi nane. Ukizidisha, gemu inakwama. Basi Ambindwile nikamkata mkia."

"Kwa hiyo wewe umetengeneza timu."

"Timu yetu ya Kyimo, ile iliyochukua kombe la wilaya mwaka tisini na sita. Nikawavalisha jezi nyekundu, wakawa wanacheza na Waitaliano. Watu walikuwa wanatoka Ibighi kuja kuangalia."

"Na huyu namba moja ni nani?"

"Mlezi wa timu. Alitununulia mpira na nyavu. Golikipa wetu alihamia Zambia bila kuaga, nikamkasirikia, nafasi yake nikampa mzee."

"Alhamisi mligombania nini?"

Kijana aliinamisha kichwa. "Namba tisa. Nsajigwa. Alikuwa rafiki yangu, amefariki mwaka wa tatu sasa. Mrisho akaniambia nimtoe, niweke mwingine. Nikamuuliza kwa nini, akasema ameombwa."

"Ameombwa na nani?"

"Sikumwacha amalize, afande. Hasira zilinipanda, nikasema yale niliyosema." Machozi yalimlengalenga. "Ningemwacha amalize sentensi moja tu, leo ningekuwa nyumbani."

Mudathiri alimwamuru Andongwisye amrudishe mahabusu, kisha arudi upesi. Alibaki ameduwaa. Mtu aliyekufa ametakiwa kutolewa kwenye mchezo, na aliye hai amepasuliwa kichwa. Alhamisi hiyohiyo CD imeibwa na mtu asiyejua hata kuifungua mashine. Kwao Pangani, kule pwani, angemwendea babu yake, naye angemwambia hii kesi imerogwa.

Mlango wa pili kutoka kwa Mrisho, chini ya paa dogo la bati, mama mmoja alikuwa akimenya ndizi mbichi na kuzitumbukiza kwenye sufuria. Aliitwa Lilian. Huyu ndiye aliyekuwa karibu kuliko wote siku ile, na maelezo yake ya Ijumaa yalikuwa na mstari mmoja tu: *Sijui*. Mudathiri alivuta benchi akaketi. Macho yake yalikwenda moja kwa moja kwenye vidole vya yule mama, vilivyokuwa vyeusi kwa utomvu.

"Dada Lilian, hapa umeanza biashara lini?"

"Tangu Mei, afande."

"Kabla ya hapo?"

"Nilikuwa stendi."

"Stendi kuna abiria. Hapa kuna vijana wasio na hela ya chai. Mtu anahamaje kutoka kwenye wateja kuja pasipo na wateja?"

Lilian aliendelea kumenya. "Nilipapenda hapa."

Jibu hilo Mudathiri hakulipenda. "Alhamisi, umeme ulipokatika, kuna mtu aliyeingia kwa Mrisho?"

Kisu kilisimama. "Aliingia mtu."

"Mwanamume?"

"Ndiyo."

"Ulimwona?"

"Sikumwona."

"Hukumwona, lakini unajua ni mwanamume, na unajua aliingia."

"Nilimpa mgongo."

Muuza mahindi wa ng'ambo ya barabara, ambaye tangu asubuhi alikuwa akisikiliza kwa masikio yote mawili, alidakia: "Afande, huyu alijifunika kanga gubigubi akachutama nyuma ya masufuria! Mimi nilidhani anaumwa tumbo, nikawa namtazama yeye tu, huyo aliyeingia sikumwona!"

"Ulikuwa unamficha nani uso?" aliuliza Mudathiri. "Ulimwogopa?"

"Hapana."

"Anakudai? Ni hawara yako?"

Lilian aliinua uso, na safari hii macho yake yalikuwa makali. "Afande, mimi ni mjane na ninajiheshimu."

"Basi nitajie jina lake."

Maji yalichemka, povu likamwagika motoni, na yule mama hakujisumbua hata kufunua sufuria. Mudathiri alijua uongo wa kila namna. Alijua wa kulia, wa kuapa na wa kujifanya kiziwi. Huyu hakuwa akidanganya. Alikuwa anakataa, na kukataa kwake kulikuwa na adabu ndani yake, jambo lililomchanganya sajini kuliko vyote.

"Kuna kijana ndani," alisema polepole. "Unamfahamu Anyelwisye?"

"Namfahamu. Ndiye aliyembeba mume wangu mpaka hospitali. Hakumpiga Mrisho."

"Umejuaje?"

"Mimi najua."

"Mahakama haitaki kujua kwako. Inataka jina. Usiposema, Jumatatu anakwenda Mbeya."

Lilian alilia waziwazi, akijifuta kwa mgongo wa mkono wenye utomvu, lakini jina hakulitaja.

Andongwisye alirudi, akasimama nyuma ya yule mama akikung'uta koti la mvua. Hapo Mudathiri akakumbuka mbinu aliyofundishwa na mkubwa wake wa kwanza kazini, kwamba mtu akikataa kutaja, mtajie wewe na umtazame uso. Ila yeye aliona ni bora zaidi majina yatoke mdomoni mwa shahidi mwenyewe. Mtu anayejali nani acheze namba tisa hawezi kuwa mbali na timu ile. Alilifungua daftari la fundi, akalizungusha, akalisogeza mbele ya Lilian.

"Unajua kusoma?"

"Nimemaliza la saba."

"Nisomee hawa wote, kwa sauti."

Lilian alifuta mikono, akashika daftari. Alisoma vizuri, jina baada ya jina. Mudathiri hakupepesa macho. Andrea, hakuna kitu. Lukasi, hakuna kitu. Ambwene, hakuna kitu. Alipofika kwa Nsajigwa midomo ilimtetemeka, akavuta pumzi, akaendelea mpaka mwisho, akarudisha daftari.

Sajini alikaribia kulitupa daftari kwenye moto. Uso ulikuwa umebadilika mara moja tu, na ulibadilika kwa marehemu. Sasa amkamate marehemu?

"Afande," alisema Andongwisye taratibu. "Nimehesabu. Amesoma kumi. Timu ina watu kumi na moja."

Mudathiri alitazama ukurasa. "Dada, hebu anza tena. Anza juu kabisa."

Lilian alianza tena. Alianza na namba mbili.

"Juu kabisa, nimesema. Huyu hapa." Aliweka kidole kwenye namba moja.

Yule mama aligeuza uso ukutani, akavuta kanga kichwani.

"Mwache, afande," alisema Andongwisye, na sauti yake ilikuwa imebadilika. "Hawezi. Sasa ndiyo nimemkumbuka. Mume wake alikuwa Nsajigwa, na huyo namba moja ndiye baba mzazi wa Nsajigwa. Kwetu mke hamtaji baba mkwe jina. Hamtazami usoni, hapiti njia yake, na akimwona anakuja anajificha, hata kama ni nyuma ya shina la mgomba. Wasichana wa siku hizi wamelegea. Aliyefunzwa halegei, hata mume akishakufa."

Mudathiri alijiona mjinga kuliko mbuzi. Pangani mkwe ndiye mtu wa kwanza kuamkiwa. Ukimkwepa, unaulizwa umemkosea nini. Kwa siku mbili alikuwa ameitazama heshima akaiita hatia. Kanga, mgongo, masufuria, yule mama alikuwa amekwisha kumwambia kila kitu kwa lugha ya kwao, na yeye akaandika *Sijui*.

"Mimi sijamtaja," alisema Lilian kutoka ndani ya kanga.

"Hukumtaja."

"Uandike hivyo."

"Nitaandika hivyo, dada. Neno kwa neno."

Kisha akasema bila kuulizwa: "Nilihama stendi kwa sababu ya ile gemu. Wakipiga kelele 'Nsajigwa! Nsajigwa kafunga!' mimi nacheka peke yangu hapa. Siku nzima namsikia. Nilikuwa na furaha, afande. Sikujua kwamba mwingine anaumia."

Walifika Kyimo saa saba mchana, wakaliacha gari barabarani na kuingia kwa miguu kati ya migomba iliyolowa. Mzee Ambindwile alikuwa akipunguza majani makavu kwa mundu. Hakukimbia wala hakushtuka. Andongwisye aliinama akamwamkia kwa Kinyakyusa, "Mugonile," naye akaitikia, "Ndaga," kisha akausimika mundu kwenye shina na kunawa mikono kwa maji ya mvua.

"Mmekuja kwa ajili ya yule Mswahili wa gemu," alisema. Kiswahili chake kilikuwa na mwendo wa Kinyakyusa, kila neno likikanyagwa kwa uzito. "Amepona?"

"Hajaamka, mzee," alijibu Mudathiri. "Kabla hujasema lolote, ujue kwamba utakayosema nitayaandika, na yanaweza kutolewa mahakamani."

"Andika, mwanangu. Mimi nilitaka kusema tangu juzi, nikakosa wa kumwambia."

Alieleza akiwa amesimama. Alikuwa amepeleka ndizi mjini, akapita pale, akasikia jina la mwanawe likipigiwa kelele. Akaingia. Akamwona amevaa nyekundu, anakimbia. Wakamwangusha, akainuka. Wakamwangusha tena, akainuka tena. Wiki iliyofuata akapita, akamkuta bado anakimbia.

"Tulimzika sisi. Tulimlilia, tukacheza ngoma ya msiba, tukamaliza. Mtu akishazikwa anaachwa alale. Hawa wanamwamsha asubuhi, wanamchezesha mpaka jioni. Hachoki? Nikamwomba yule Mswahili kwa upole amtoe. Akaniambia sawa, fundi atamtoa. Alhamisi nikarudi. Akasema fundi amekataa, nisubiri. Nikaona nitamtoa mwenyewe."

"Ukaifungua mashine."

"Ilikuwa ngumu. Nikaivunja. Yule akanishika mkono, nikamsukuma, nikatoka. Sikutazama nyuma. Nilisikia kishindo, nikasema ameangusha kiti. Sikumchukia hata kidogo."

"Kuna kijana amefungwa kwa ajili hiyo. Anyelwisye."

Mzee alimgeukia haraka. "Gwe! Yule wa Kyimo? Kwa kosa langu? Sikuambiwa. Twende basi. Twende sasa hivi."

"CD iko wapi?"

Aliingia ndani, akatoka na sufuria jipya lenye mfuniko. Ndani, juu ya kitambaa safi, kulikuwa na CD imelala. Haikuwa na mkwaruzo hata mmoja.

"Hukuivunja," alisema Mudathiri.

"Nilichukua jiwe mara mbili. Nikashindwa. Mtu anavunjaje mahali alipo mwanawe?"

Kituoni mkuu alisoma maelezo mara mbili, akaguna, akasema liwe liwalo, fundi aachiwe. Kutoka hospitali habari ilikuwa ileile: Mrisho anapumua, hajaamka. Mzee Ambindwile alisikia hilo akiwa kwenye benchi la kaunta, kofia magotini, akaitikia kwa kichwa. Alijua kwamba Mrisho akifariki, kesi ya mauaji ni yake. Mudathiri alimwonea huruma, na hakuwa na fomu ya kuiandikia.

Anyelwisye alitolewa. Alitia sahihi, akapewa mkanda na kamba za viatu, akaambiwa aende zake. Mlango wa nje ulikuwa wazi, na mvua ilikuwa imepungua. Ndipo akamwona mzee kwenye benchi, na CD ile juu ya kaunta ikifungwa lebo ya kielelezo. Alisimama akamtazama mzee, akaitazama CD, mpaka akaelewa. Akachutama mbele ya mzee.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Ni wewe uliyemweka mle?"

"Ni mimi, baba."

"Kwa nini?"

"Nilimkumbuka. Sikujua njia nyingine."

Mzee alimtazama bila hasira. Akanyoosha kidole kwenye CD.

"Sasa ametoka?"

"Ametoka, mzee," alidakia Mudathiri. "Hii inafungiwa kabatini. Hakuna atakayeicheza tena."

"Sikukuuliza wewe, mwanangu. Namuuliza aliyemweka."

Anyelwisye alitazama mlango ulio wazi, akamtazama sajini, akatazama sakafu. Hakuna aliyekuwa akimshuku tena, na angeweza kusema ndiyo akaenda nyumbani kulala.

"Bado, baba," alisema. "Nilitoa nakala. Ziko sita. Moja iko Kiwira, mbili Kyela, nyingine tatu Uyole na mjini Mbeya. Niliwapa watu kwa furaha tu, wamwone."

Kalamu ya Mudathiri ilisimama juu ya lebo. Andongwisye aligeukia dirishani. Sajini alifikiri mzee angepiga kelele, au angeanguka, na alikuwa tayari kumshika. Lakini Ambindwile alivaa kofia yake, akaiweka sawa, akaipa kaunta mgongo na kumkazia macho kijana aliyechutama mbele yake.

"Basi mbona bado uko hapa?"